Aliyeandika Vilio vya Watu

Mara ya kwanza nilipomwona nilidhani ni seremala wa majeneza. Alikuwa amekaa kwenye kigoda karibu na moto wa kilio, hapa Nyamianda, mtaa wa mji wetu wa Uvira kando ya ziwa, penseli imepachikwa nyuma ya sikio, macho yakihama kutoka kwa mtu mmoja kwenda kwa mwingine kana kwamba anawapima urefu. Nikamsogelea, nikamwuliza kama amekwisha kupima maiti.

"Minye napima wale wanaobaki," akasema, minye ya kwetu, yaani mimi. "Maiti iko na seremala wake."

Waliokuwa karibu wakacheka huku wameziba midomo. Ndivyo alivyokuwa. Alichekesha watu kilioni na hakuna aliyemfukuza.

Alikuwa mwalimu wa shule ya msingi. Kabla ya hapo alisoma kwa mapadri miaka mingi, akatoka kabla hajawekewa mikono ya upadri. Tulimwita Mwalimu tu, hata baada ya kuacha kufundisha. Mimi shule niliiacha kabla sijajua kugawanya vizuri, nikaanza kuzunguka: nilipakua mizigo bandarini Kalundu, niliuza ndagala, dagaa wa ziwa letu, katika bonde la Ruzizi, nilikaa mwezi hapa na wiki mbili pale. Kaka yangu Kashindi, fundi wa baiskeli, alizoea kuniambia, "Miguu yako iko na wazimu." Kila niliporudi Uvira nilimtafuta Mwalimu, wakati mwingine hata kabla ya kumsalimu mama, kwa sababu yeye peke yake hakuchoshwa na maswali yangu. Nilimwamini kuliko nilivyomwamini padri, mchungaji au mtu yeyote wa chama.

Kazi yake hasa ilikuwa vilio. Hakuna aliyemtuma wala aliyemwajiri kwa kazi hiyo. Kwetu, mtu akifa, moto unawashwa uani na hauzimwi mpaka siku ya mwisho ya kilio. Siku hiyo anasimama mtu aliyeshuhudia kifo na kutoa maelezo: ugonjwa ulianza lini, nani alimshika mkono, aliomba chakula gani, neno lake la mwisho lilikuwa lipi. Waliokuwepo wana ruhusa ya kumkatiza. "Hapana, ilikuwa siku ya soko!" "Si uji, yalikuwa maji!" Wanabishana mpaka wakubaliane. Ndipo mkubwa wa kilio anauliza kama kuna wa kusahihisha. Wote wakinyamaza, moto unamwagiwa maji, majivu yanatupwa, jamaa wananyolewa, na kila mtu anarudi kwenye shughuli zake. Pasipo maelezo ya shahidi, moto hauzimwi.

Mwalimu aliandika maelezo hayo, kilio baada ya kilio, Mkatoliki, Mprotestanti, Mwislamu, na wale ambao mapadri waliwaita wapagani. Katika daftari lake, kaye kama tunavyosema huku, ukurasa wa kushoto ulikuwa wa shahidi na ukurasa wa kuume ulikuwa wa wanaosahihisha. Asiyekuwepo hakupata nafasi upande wowote. Namkumbuka mjomba mmoja aliyefika kutoka ng'ambo ya mpaka, akalia kuliko mjane, kisha akasimama kueleza kifo ambacho hakukiona. Mwalimu akarudisha penseli sikioni.

"Mbona huandiki?" mjomba akafoka.

"Ulikuwepo?"

"Minye ni ndugu ya mama yake!"

"Mjomba, sikuulizi damu. Nauliza macho."

Tangu siku hiyo, mtu akiongopa mahali popote mjini, watu walimwambia, "Penseli iko ku sikio." Hata watoto walijua maana yake.

Aliniambia kwamba serikali inaandika watu wanapozaliwa ili wahesabike, kanisa linawaandika wanapobatizwa ili waokoke, lakini ni kilioni tu ambako watu hujiandika wenyewe. Akipanda baiskeli kwenda Sange au mbali zaidi kusikiliza maelezo ya mkulima asiyejulikana hata na chifu wake, alivaa suruali iliyopigwa pasi, akafunga miguu ya suruali kwa kamba ili cheni isiishike. Nilimwuliza mbona anajipamba kama anakwenda harusini. Akasema, "Naenda kusikia mtu akimalizwa kusemwa. Iko mara moja tu."

Uhuru ulipokaribia alianza kusema juu ya makaburi. Wakatoliki walizikana kwao, Waprotestanti kwao, Waislamu kwao, na wasio na pahali walizikwa nyuma ya migomba. Alitaka mji uwe na uwanja mmoja wa kilio usio wa dini yoyote. Kulikuwa na neno la Kifaransa alilolipenda, laisite. Nilipomwuliza maana yake, alichora duara mchangani kwa kidole.

"Hapa ni katikati ya mji. Kila muntu aingie na Mungu wake. Akitoka, atoke naye. Asimujengee uzio hapa ndani."

"Na asiye na Mungu?"

"Aingie na maiti yake. Inatosha."

Wakubwa wa mji walimpa kipande cha ardhi hapa Nyamianda, nadhani kwa sababu kilijaa maji wakati wa mvua. Sisi vijana tulichimba mifereji, tukasimamisha nguzo, tukafunga matete. Kashindi alileta nyaya za baiskeli za kukazia paa. Familia moja ilipotaka kupigilia msalaba kwenye nguzo ya mbele, Mwalimu hakukataa msalaba. Alitafuta jiwe la kuuegemeza, na siku ya mwisho akawasaidia kuubeba mpaka nyumbani kwao. Mzee Mwislamu alipokuja na mkeka wa kuswalia, alifagiliwa mahali, na alipokwenda alikunja mkeka wake. Padri alipita akasema, "Ulitukimbia, na sasa umejijengea altare." Mwalimu akamjibu, "Pere, hapa hakuna altare. Iko moto na mikeka. Kaa." Padri hakukaa. Mchungaji wa mama yangu alipaita kanisa la wasiomjua Mungu, lakini mvua ilipomkuta pale siku moja alijikinga, akakubali kikombe cha chai.

Siku ninayoikumbuka zaidi ni ile ambayo wafugaji kutoka milima ya juu walishuka na mtoto mgonjwa akawafia mjini. Hawakuwa na jamaa hapa, na lugha yao wengi hawakuijua. Mwalimu aliwafungulia uwanja. Wanawake wa Nyamianda wakaja na sombe, kisamvu chetu, na ugali wa muhogo, wakaketi, wakalia na yule mama. Nilichungulia kaye. Ukurasa mzima ulikuwa na sentensi moja tu: "Leo wamelia wasiojua jina." Nilipoisoma nilitaka kurudi shule.

Siku ya uhuru yenyewe, mji ulipokuwa ukicheza ngoma, alipita nyumba hadi nyumba akiuliza, "Nani wenu aliyekufa angependa kuona leo?" Watu wengine walikasirika. Mlevi mmoja alimpigia kelele, "Mwalimu, leo ni ngoma! Acha maiti walale!"

"Wataisikiaje ngoma kama hakuna aliyewaita?"

Jioni ile watu walikusanyika uwanjani, wakaanza kuwataja waliokufa kwenye mashamba ya pamba, kwenye upagazi, kwenye barabara za Wazungu. Kashindi ndiye aliyeanza. Alisimama akamtaja baba yetu, ambaye mwamba ulimwangukia barabarani tungali wadogo, na mama akajibu, "Yuko hapa." Kisha kila jina likajibiwa hivyo na mtu wa karibu yake, hata kama si ndugu. Mwalimu alinishika bega. "Unaona? Nchi ni hii. Watu wanaolia pamoja bila kuulizana dini." Nilikuwa nimesikia hotuba nyingi wiki ile. Hiyo ndiyo niliyoibeba.

Alikuwa na mambo yasiyopatana. Alisema haombi, lakini siku tulipopigwa na mawimbi ziwani tukivuka upande wa pili, midomo yake ilicheza bila kukoma. Nilipomtania akasema alikuwa akihesabu mawimbi. Alilaumu watu wanaokuja kilioni kwa ajili ya chakula, naye hakuwahi kuacha maharagi kwenye sahani. Na hakulia. Katika miaka yote sikuona chozi lake. Mke wake alipofariki, walikuwa wawili tu ndani ya nyumba, yeye ndiye shahidi. Siku ya maelezo alimwomba jirani asimame kwa niaba yake, jirani ambaye alikuja baadaye kusaidia kuosha. Watu walisema ni huzuni. Nami nilisema hivyo, nikagombana na mtu aliyesema vingine.

Kisha uasi ukatufikia. Vijana waliokunywa dawa ya maji, waliyoamini inazuia risasi, walishika barabara ya bondeni, wakaweka bariyeri zao za kuzuia wapita njia. Waliwatafuta askari, na waliwatafuta makarani na walimu, kwa kuwa kwao mtu yeyote wa karatasi alikuwa mtu wa serikali. Mimi nilikuwa upande wa kusini, nimekwama kwa wavuvi. Kashindi alimwambia mama kwamba anakwenda Sange kutengeneza baiskeli ya mtu, atarudi kesho yake. Alivaa shati la kaki ambalo askari walimpa zamani kwa kuwatengenezea magurudumu. Lilikuwa shati lake zuri kuliko yote.

Hakurudi. Baada ya siku kadhaa mpita njia alileta mfuko wake wa spana, akasema tu kwamba fundi ameuawa kwenye bariyeri ya Sange, na kwamba yeye mwenyewe hakuona. Mama akawasha moto.

Niliporudi, mji ulikuwa umekimbiwa nusu, matete ya uwanja yamechomwa, na mama amekaa peke yake katikati ya nguzo nyeusi na moto wake. Mwalimu naye alitokea siku zile. Alisema alijificha kandokando ya ziwa. Alimkumbatia mama, akaketi kando yake, akatoa kaye.

"Nani alimwona mutoto wangu?" mama akauliza.

Mwalimu akaandika swali hilo. Nilimwona akiliandika.

Nilikwenda Sange mara tatu. Niliwauliza wanaume sokoni, kwenye mashamba ya mpunga, kwenye vilabu vya pombe ya kasiksi. Hakuna aliyekuwepo. Kwanza waasi walikuwa wanawinda watu, kisha askari wakarudi wakawinda wengine, na aliyesema alikuwa kwenye bariyeri alitakiwa kueleza alikuwa akifanya nini pale. Nikamwendea Mwalimu. Akafikiri, akaniambia, "Wengi wa Sange walikimbilia Fizi. Jaribu kule." Nikaenda Fizi. Niliporudi mikono mitupu, akanielekeza Kalundu, kwa mabaharia. Baadaye ng'ambo ya mpaka, kwa wakimbizi. Nilitembea miaka kwa maelekezo yake. Watu walidhani ni miguu yangu ile ile yenye wazimu.

Moto wa mama haukuzimwa. Tulijenga uwanja upya, na kila asubuhi alifukua kaa lililofunikwa majivu akaweka kuni. Nywele zake zilikua kwa sababu hakuweza kunyolewa. Shambani hakwenda. Aliishi kwa chakula cha majirani, yeye aliyekuwa akilisha wengine. Mchungaji alikuja na wazee wa kanisa.

"Mama Kashindi," akasema, "Bwana anajua alivyokufa. Zima moto huu. Watu wanasema umerudi kwenye upagani."

"Bwana anajua. Minye ndiye sijui."

"Tutaomba, kisha tutaumwagia maji sisi wenyewe."

Ndipo Mwalimu akasimama kati yao na moto. Sauti yake haikupanda. "Mchungaji, hapa hamna ruhusa. Wala serikali haina, wala ndugu zake hawana. Moto huu utazimwa siku shahidi atakaposimama. Mpaka siku hiyo, muntu asimuguse huyu mama."

Nilijivunia kumjua. Mama alimshika mkono akaubusu.

Habari ilienea. Walianza kuja watu wengine ambao maiti zao hazikuonekana: mjane wa Kiislamu ambaye mume wake alitoweka ziwani, mzee Mkatoliki mwenye wana wawili waliochukuliwa, msichana kutoka milimani. Waliketi kwenye moto wa mama yangu. Kila mmoja alileta kuni. Uwanja ukawa vile Mwalimu alivyouchora mchangani, watu wa kila namna, hakuna uzio. Wageni wenye elimu walifika kutoka mji mkubwa na Mwalimu akawasomea kutoka kwenye kaye yake sura aliyoiita "Kilio kisicho na shahidi." Nilisimama nyuma nikasikia maneno ya mama yangu yakisomwa vizuri, pamoja na mahali alipokohoa. Mgeni mmoja alijifuta machozi. Mwalimu aliendelea kusoma.

Miaka ilipita. Siku moja nilikuwa Sange na mzigo wa ndagala, nikanunua muhogo wa kuchemsha kwa mama mmoja wa kando ya barabara. Aliniangalia sana.

"Weye iko na sura ya fundi mmoja," akasema. "Fundi wa baiskeli. Walimuua pale."

Niliuweka muhogo chini. "Mama, ulimwona?"

"Nilikuwa nauza hapa hapa."

"Mbona hukusema? Nimeuliza Sange yote!"

"Uliniuliza minye?"

Ilikuwa kweli. Niliwauliza wanaume. Mwanamke aliyekaa kando ya barabara kila siku na sufuria yake nilimpita mara tatu.

"Halafu," akaendelea, "nilijua kwenu wameambiwa. Yule Mwalimu si alikuwa naye? Mwenye kuandika vilio. Nikasema, huyu ndiye shahidi, tena iko na kaye."

Nikaketi chini. Akanieleza kwa utaratibu, kama mtu anayetoa maelezo. Watu wawili walifika juu ya baiskeli moja. Wa mbele alikuwa na makaye yamefungwa nyuma, penseli sikioni. Wale vijana wakasema huyu ni karani, anaandika majina yetu, ashuke auawe. Fundi akaruka chini, akasema, "Hapana, bandugu. Huyu ni mwalimu wetu, anaandika vilio tu. Alinikuta njiani akanibeba. Muulizeni huyu mama, alikuja mpaka kwao." Na ilikuwa hivyo, Mwalimu aliwahi kuandika kilio cha baba mkwe wa huyu mama. Mama wa muhogo akamjibia kwamba ni kweli. Wakamwacha.

"Ndipo wakaona kaki ya kaka yako. Wakamwuliza Mwalimu, 'Na huyu si askari? Mwenye kumujibia, tukigundua anaongopa, atakwenda naye.'"

"Mwalimu alisema nini?"

Mama alifunika sufuria yake. "Alisema, 'Simujui.'"

"Na Kashindi?"

"Hakupiga kelele. Alimwangalia tu. Walipoanza kumvuta akageuka akasema, 'Mwalimu, ile cheni usiikaze sana, itakatika.' Ni hayo."

Nilirudi Uvira kwa miguu. Sikumbuki ndagala niliacha wapi. Nilimkuta Mwalimu uwanjani mchana, anafunga matete upande ambao upepo uliyalegeza.

"Nimetoka Sange," nikasema. "Nimeongea na mama wa muhogo."

Alimaliza fundo alilokuwa akifunga. "Ameeleza vizuri?"

Hilo ndilo lilikuwa swali lake.

"Ameeleza. Weye ulikuwepo, weye ndiye wa kusahihisha."

Akaketi juu ya rundo la matete. Alikuwa amezeeka, na nilikuwa sijaliona hilo. "Hakuna wa kusahihisha," akasema.

Nikamwambia hofu ya bariyeri naielewa. Mimi nisingejua ningesema nini pale, na nani anajua. "Lakini miaka hii yote? Umekaa kwenye moto wake. Umekula chakula alicholetewa. Umenipeleka Fizi, Mwalimu! Umenipeleka Kalundu! Mchungaji alitaka kuuzima, ukasimama ukamzuia!"

"Siku ya kwanza nilitaka kusema," akasema. "Siku ya pili ilikuwa nzito kuliko ya kwanza. Halafu watu wakaanza kuja. Wa kila dini, umewaona. Nilihubiri miaka mingi na sikupata hata familia mbili za dini mbili kuketi pamoja bila minye kuwaita. Moto wa mama yako uliwaketisha. Niliogopa ukizimwa watarudi kila mtu kwake."

Basi nikajua kwamba bariyerini alimkana kaka yangu mara moja, lakini hapa alikuwa akimkana kila asubuhi mama alipofukua kaa.

"Utasimama," nikamwambia. "Wiki hii."

"Nitasimama."

Na alisimama. Mji ulijaa uwanjani. Mama alikaa wima, mikono juu ya magoti, kama mwanafunzi. Mwalimu alivaa suruali iliyopigwa pasi. Alieleza vizuri kuliko shahidi yeyote niliyewahi kumsikia: barabara, joto, sufuria ya muhogo, shati la kaki. Alisema Kashindi alibebwa na mtu wa baiskeli. Alisema Kashindi alimwokoa mtu huyo kwa maneno yake. Alisema mtu huyo alipoulizwa alijibu kwamba hamjui. Kisha akasema neno la cheni.

Mama akacheka. Machozi yalimwagika na akacheka. "Ni yeye," akasema. "Huyo ni mutoto wangu. Hata mbinguni atakaza nati." Watu wote wakalia na kucheka pamoja naye. Kisha akauliza, "Na yule wa baiskeli ni nani?"

Nilimtazama Mwalimu. Naye akanitazama mimi, si mama.

"Mpita njia, mama," akasema. "Nasimama kwa niaba ya mama wa Sange aliyeona."

Mkubwa wa kilio akauliza kama kuna wa kusahihisha. Mimi sikuwepo Sange. Kanuni ilikuwa yake na aliijua vizuri, kwamba asiyekuwepo hana ukurasa. Lakini haikuwa kanuni iliyonifunga mdomo. Mama alikuwa amekwisha kunyoosha mkono kwenye ndoo. Baada ya miaka yote ile, alikuwa na maji mkononi. Kama ningesema, angeirudisha ndoo chini. Nikanyamaza, na hilo pia Mwalimu alilijua mapema.

Walimnyoa siku hiyo. Alimpa Mwalimu sahani ya kwanza, heshima ya aliyeleta maelezo, na Mwalimu akala yote.

Na uwanja? Watu waliendelea kuja. Yule mjane wa Kiislamu na yule mzee Mkatoliki waliwasha moto wao wenyewe siku iliyofuata, kando ya majivu ya mama. Mwalimu aliogopa bure.

Mama aliishi misimu michache baada ya hapo, akalima, akanenepa kidogo. Alipofariki mimi nilikuwa nyumbani, kwa mara moja katika maisha yangu nilikuwa mahali ninapotakiwa. Kilio kilikaa uwanjani. Mwalimu alifika kwa fimbo, akawekewa kigoda chake, akafungua kaye kwenye kurasa mbili safi. Siku ya mwisho nilisimama, kwa kuwa shahidi nilikuwa mimi.

Nilieleza homa ilivyoanza, na jirani aliyemkanda miguu. Mtu mmoja akasahihisha siku, nikakubali. Nilieleza uji alioukataa. Mwalimu aliandika kila kitu, kushoto na kuume kama desturi yake. Halafu nikafika kwenye neno la mwisho. Niliomba watu wanyamaze ili wasikie.

"Alfajiri aliniita. Nilidhani anataka maji. Akaniuliza, 'Yule muntu wa baiskeli, mwenye kubeba kaka yako. Alifika kwao?' Nikamwambia sijui. Akasema, 'Hakuna aliyemuuliza. Alifika vizuri? Cheni haikukatika?' Hakuongea tena."

Wanawake wakaanza kulia upya. Mwalimu aliandika ukurasa wa kushoto mpaka mwisho, sentensi hadi sentensi, nikamsubiri amalize. Hapakuwa na mtu mwingine hai ambaye angeweza kumjibu mama.

"Kuna wa kusahihisha?" mkubwa wa kilio akauliza.

Nilishika ndoo lakini sikuiinua. Nilisubiri kuliko inavyosubiriwa, mpaka mkubwa wa kilio akanigeukia kwa mshangao. Ukurasa wa kuume ulikuwa na ile siku iliyosahihishwa tu, na chini yake nafasi nyeupe ya kutosha. Ncha ya penseli iliugusa. Nilimwona, na mjane aliyekaa karibu naye aliona pia, kwamba iliugusa.

Kisha akairudisha penseli sikioni, kama alivyofanya zamani kwa wale ambao hawakuwepo, na mimi nikamwaga maji.